UZI: Peter Brook kati ya michezo ya kale na ya kisasa, na muda wa mazoezi tunaoupuuza Zanzibar

#1 Mwanzisha uzi (Unguja)

Assalaamu alaykum ndugu zangu. Nimesomesha fasihi katika skuli za Unguja kwa miaka mingi, na karibu kila mwaka nimewaongoza wanafunzi katika mchezo mmoja wa kuigiza, mwaka mwengine miwili. Kila ninapokaa barazani na wenzangu wa kazi hii, mazungumzo huishia pale pale: hatuna ukumbi, hatuna taa, hatuna fedha za maleba. Nimeyasema hayo mwenyewe, tena kwa uchungu, kwa sababu niliwahi kunyimwa ukumbi siku mbili kabla ya onyesho, wanafunzi wakiwa wameshahifadhi kila neno. Hata hivyo, kwa muda sasa nimekuwa nikiifuatilia kazi ya mwongozaji mmoja aliyezaliwa Uingereza, Peter Brook, ambaye kwa zaidi ya miaka 70 aliongoza michezo ya Shakespeare na wenziwe wa kale sambamba na tamthilia za wakati wake, na nimefikia rai ambayo nataka kuiweka mbele yenu. Kilichomfikisha alikofika ni muda wa mazoezi na kundi la waigizaji walioachwa wakae pamoja, na viwili hivyo ndivyo tunavyovipuuza sisi, ilhali havitaki paa wala umeme.

Brook alizaliwa London tarehe 21 Machi 1925, mtoto wa wazazi wa Kiyahudi waliohamia kutoka Latvia, na akafariki Paris tarehe 2 Julai 2022. Mwaka 1946, akiwa na umri wa miaka 21, alipewa kuongoza mchezo wa Shakespeare uitwao Love's Labour's Lost pale Stratford-upon-Avon, mji alikozaliwa Shakespeare mwenyewe. Kisa cha siku ya kwanza ya mazoezi amekisimulia kwa kalamu yake, na kila kijana anayetaka kuongoza angefaa akijue. Usiku wa kuamkia siku hiyo alikaa na mfano mdogo wa jukwaa, akavipanga vipande vya karatasi ngumu vilivyosimama badala ya waigizaji, akavisogeza huku na huku na kuandika katika daftari kila hatua ya kila mmoja. Asubuhi akafika na daftari lake nene, akawaambia waigizaji waingie kama alivyopanga. Wakaingia, na papo hapo akaona kwamba hakuna aliyefanana na vile vipande vya karatasi: huyu ana haraka kuliko alivyomfikiria, yule anasita, mwengine ana mwendo ambao hakuutarajia kabisa, na huo ulikuwa ni mwendo wa mwanzo tu. Ilimbidi achague baina ya kuwalazimisha walifuate daftari na kuliacha. Akaliacha, akenda kusimama katikati yao, na anasema tangu siku hiyo hakupata tena kuutazama mpango ulioandikwa.

Ninakirefusha kisa hiki kwa sababu wengi wetu bado tuko na daftari mkononi. Tunagawa nafasi siku ya kwanza, siku ya pili tunamwambia kila mtu asimame wapi, na kwa kuwa tumejipa wiki mbili tu, hatuna budi kulishikilia daftari hadi siku ya onyesho, hata pale mtoto mwenyewe ametuonesha kwa mwili wake kwamba anajua njia bora zaidi.

Baada ya hapo aliongoza opera katika jumba la Covent Garden, akaondoka kufuatia ghasia zilizozushwa na Salome ya mwaka 1949, ambayo mapambo yake yalibuniwa na mchoraji Salvador Dalí. Miaka hiyo naipita. Ninalotaka mlitazame ni namna alivyoanza kuondoa vitu jukwaani. Mwaka 1955 aliongoza Titus Andronicus, mchezo wa kale wenye ukatili wa kutisha, ambamo binti mmoja anakatwa mikono na ulimi. Waongozaji wengine wangemwaga damu ya rangi. Yeye alimtoa mwigizaji, Vivien Leigh, akiwa na tepe nyekundu zinazoning'inia kinywani na mikononi, basi. Hadhira iliona utepe, damu ikaitia yenyewe. Katika King Lear ya mwaka 1962, iliyochezwa na Paul Scofield, mzee Gloucester alipokwisha kutobolewa macho na kuanza kupapasa njia huku watumishi wakimsukuma, Brook aliamuru taa za upande wa watazamaji ziwashwe kabla ya mapumziko, ili watu wajione nafsi zao wamekaa vitini wakitazama mtu anavyodhulumiwa.

Kisha ukaja mwaka 1964. Alikuwa amejitenga na kundi la waigizaji kufanya majaribio ya sauti, mwili na kimya, na baadhi ya waigizaji hao ndio waliokuja kucheza tamthilia mpya kabisa ya Peter Weiss, mwandishi wa lugha ya Kijerumani, inayojulikana kwa ufupi kama Marat/Sade, ambayo yote inatokea katika nyumba ya wagonjwa wa akili ya Charenton baada ya Mapinduzi ya Ufaransa. Mtu angeweza kudhani kwamba kuanzia hapo angeyaacha ya kale, lakini mwaka 1968 tunamkuta na Oedipus ya Seneca, iliyochezwa na John Gielgud, na mwaka 1970 tunamkuta tena Stratford na A Midsummer Night's Dream. Kwa rai yangu, bila ya ile nyumba ya wagonjwa wa akili, ile Dream isingalizaliwa. Mchezo huo unatokea msituni, lakini Brook na mbunifu wake Sally Jacobs hawakuleta hata jani moja. Walijenga sanduku jeupe lenye kuta tatu, wakaliangaza kwa mwanga mkali mweupe, waigizaji wakaning'inia kwenye bembea na kutembea juu ya mironjo. Miti ilikuwa ni nyaya zilizosokotwa na kuteremshwa kutoka juu, na lile ua la kichawi la mapenzi likawa sahani inayozunguka juu ya ufito, ikipokezanwa hewani kutoka mkono mmoja hadi mwengine. Shairi la miaka karibu 400 likasikika kana kwamba limetungwa wiki ile, kwa kuwa hapakuwa na msitu wa maturubai wa kulifunika.

Alipokuwa katika kilele hicho, mahali ambapo wengi wangekaa na kula matunda ya jina lao, aliondoka. Yeye na Micheline Rozan walianzisha kituo cha utafiti wa sanaa ya jukwaani mjini Paris, wakakusanya waigizaji wa nchi mbalimbali wasiokuwa na lugha moja, na kwa karibu miaka mitatu kazi yao kubwa ikawa ni mazoezi. Mwaka 1971 walikwenda Iran, wakacheza kwenye magofu ya Persepolis kwa lugha iliyobuniwa na mshairi Ted Hughes. Mwishoni mwa mwaka 1972 walianza safari ya takriban siku 100 barani Afrika, kutoka Algeria wakavuka Sahara hadi Niger, Nigeria, Dahomey, ambayo leo ni Benin, na Mali. Katika soko la mji wa In Salah, kusini mwa Algeria, walitandika zulia chini, watu wakakusanyika, na mmoja wao akaweka katikati jozi ya buti nzito zenye vumbi. Hapakuwa na mandhari, taa wala maneno. Watu wa soko lile walizitazama zile buti, kisha wakamtazama mwigizaji anayezikaribia, na hadithi ikawa imeshaanza, kwa sababu kila aliyekuwapo alijua maana ya buti kwa mtu asiyekuwa na viatu.

Waliporejea, Brook alipata jumba la Bouffes du Nord, nyuma ya stesheni ya treni ya kaskazini mjini Paris. Lilijengwa mwaka 1876 na lilikuwa limefungwa tangu 1952. Aliyeingia humo alikuta kuta zilizobanduka lipu, zenye madoa ya maji na alama za moto, mfano wa kuta tunazozipita kila siku Mji Mkongwe pale chokaa inapoachia na mawe ya matumbawe kubaki wazi. Hakuzipaka rangi. Aliweka mabenchi, akaacha waigizaji na watazamaji wakae kwenye sakafu moja, na mwaka 1974 akafungua kwa Timon of Athens ya Shakespeare.

Nauliza basi: sisi ambao ua wa kila skuli yetu una kivuli cha mwembe, na ambao Ngome Kongwe yetu ina uwanja wa wazi wenye ngazi za kukalia, tunangoja nini?

#2 Mchangiaji kutoka Wete, Pemba

Wa alaykumu ssalaam Maalim. Nimekusoma kwa utulivu tangu mwanzo hadi mwisho, na naiheshimu rai yako, lakini ina pengo. Muda ni fedha iliyovaa nguo nyengine. Huyo bwana alipokuwa Stratford alikuwa na kampuni inayolipwa mishahara, na alipokuwa Paris alikuwa na wafadhili na serikali iliyojali sanaa. Mimi ninaongoza vijana 11 hapa Wete. Wanne ni wavuvi, na bamvua likiingia siwaoni. Msimu wa karafuu ukifika, mazoezi yanakufa kabisa, kwa sababu kijana anayecheza mfalme jioni ndiye anayetakiwa awe juu ya mkarafuu alfajiri, na nani atamlaumu?

Jambo la pili ni hili neno "kale". Kila tukitaja michezo ya kale tunakimbilia Ulaya, na hata Maalim umefanya hivyo. Sisi tuna kibati, ambamo watu wawili wanajibizana papo kwa papo huku ngoma ikiwakimbiza, na asiyemsikiliza mwenzake kwa makini anaumbuka hapo hapo mbele ya kijiji kizima. Wenzetu wa Makunduchi wana Mwaka Kogwa, pande mbili zinapigana kwa migomba, kibanda kinachomwa moto na mtu yumo ndani, kisha anatoka mbio akiwa salama. Hiyo pia ni kale, na haikutafsiriwa kutoka popote. Ningependa kujua inaingia wapi katika hesabu yako.

#3 Mwanzisha uzi

Ndugu yangu wa Wete, hoja zako zote mbili ni nzito, na la kibati nalikubali bila ya kupunguza neno. Nimesema "kale" nikiwa na maana ya vitabu, na hapo nimekosea. Ningeongeza tu kwamba kusikilizana kwa namna ya kibati ndiko hasa alikokuwa akikutafuta Brook kwa waigizaji wake waliotoka kila pembe ya dunia, na ilimchukua miaka kuwapatia kile ambacho kijana wa Pemba anakikuta kijijini kwao.

Kuhusu muda, sikukusudia tujifungie miezi sita. Nilikusudia tusiachane. Chukua mfano wa kazi yake juu ya utenzi wa Farid ud-Din Attar, mshairi Mwajemi wa karne ya 12, kuhusu ndege wanaofunga safari kumtafuta mfalme wao Simurgh, wakiongozwa na Hud-hud. Sisi Hud-hud tunamjua tangu chuoni, kwa kisa chake na Nabii Sulaiman. Brook aliuanza utenzi huo kwenye zile safari za Afrika, akiwaachia waigizaji wabuni papo kwa papo mbele ya wanakijiji, na hakuuonesha ukiwa mchezo uliokamilika hadi mwaka 1979 katika tamasha la Avignon. Katikati yake alifanya kazi nyengine nyingi, lakini ndege wale hawakutoka mikononi mwake kwa takriban miaka saba. Mahabharata, utenzi mkuu wa kale wa Kihindi, ambayo alianza kuisikiliza na mwandishi Jean-Claude Carrière katikati ya miaka ya 1970, ilitoka mwaka 1985 katika machimbo ya mawe karibu na Avignon, mchezo wa saa tisa, pengine ukichezwa usiku kucha hadi jua lichomoze. Karafuu zako zinaruhusu jambo hilo. Vijana wakipanda mikarafuu, mchezo unangoja, na wakishuka wanaurejelea ule ule, wala hawaanzi mpya kwa sababu ya sherehe mpya.

Nikueleze lililonitokea mwenyewe, kwani ndilo lililonisadikisha. Mwaka mmoja niliamua kutumia wanafunzi wale wale kwa michezo miwili, Mabepari wa Venisi, tafsiri ya Mwalimu Nyerere ya mwaka 1969 ya mchezo wa Shakespeare, na Amezidi ya Said Ahmed Mohamed, mwana wa Pemba, iliyotoka mwaka 1995. Jumanne tulikuwa na huu, Alkhamisi tulikuwa na ule, baada ya sala ya alasiri, juu ya mkeka mmoja mkubwa wa ukili tuliotandika uani. Kwa wiki nne kijana aliyemcheza mkopeshaji anayedai ratili yake ya nyama alikuwa akipiga kelele tu. Mchezo unataka akinoe kisu chake kwenye soli ya kiatu wakati hukumu inasubiriwa, lakini sisi tulikuwa mkekani, miguu mitupu, na kila siku alikuwa akijifanya kunoa hewani.

Wiki ya tano, akitokea kwenye mazoezi ya Amezidi, ambako Ame na Zidi wanakaa muda mrefu na vitu vichache mno mikononi mwao, alifanya jambo ambalo sikumwambia. Alinyamaza. Akaondoka katikati ya mahakama, akatembea taratibu hadi ukingoni tulikovua viatu, akaokota kandambili yake moja, akarudi nayo, akaiweka juu ya mkeka. Mnajua nyote maana ya kuweka kiatu juu ya mkeka mbele ya watu. Msichana mmoja alivuta pumzi kwa nguvu. Yule kijana akakaa, akaigeuza kandambili ikatazama juu, na akaanza kunoa, polepole, bila ya kumtazama mtu yeyote, na tulichokisikia ni ule mkwaruzo wa kisu kwenye mpira. Hapakuwa na haja ya kelele. Mtu aliyeamua kukiuka adabu namna ile mbele ya mahakama nzima, sote tulijua kwamba hatorudi nyuma.

Lile halikutoka kichwani mwangu, na lisingalitoka katika wiki ya kwanza wala ya pili. Lilitoka kwa kijana aliyekwisha kuzizoea sehemu zote mbili hadi kimya cha mchezo wa kisasa kikaingia ndani ya mchezo wa kale. Ndiyo maana sioni kwamba mwongozaji wa namna hii ana kazi mbili.

#4 Mchangiaji kutoka Jambiani

Shikamoo Maalim. Kisa cha kandambili kimenigusa sana, na nimekisoma mara mbili. Mimi nimesomea sanaa za maonyesho bara, na huko tulijadiliana sana juu ya Brook, kwa hivyo naomba nilete upande ambao haujatajwa, kwa heshima zote.

Mwaka 1975 alionesha mchezo kuhusu Waik, watu wa milimani kaskazini mashariki mwa Uganda, uliotokana na kitabu cha mwanaanthropolojia Colin Turnbull cha mwaka 1972, kilichowaeleza watu hao kuwa njaa imewaondolea kila chembe ya utu. Miaka kumi baada ya mchezo huo, mwanaisimu Bernd Heine, aliyekwenda kwa Waik mwenyewe, alichapisha maelezo yanayopinga picha ile kwa nguvu. Maana yake ni kwamba watazamaji wa Paris na London walilia kwa ajili ya Waafrika ambao hawakuelezwa kwa haki. Juu ya Mahabharata, mhakiki wa Kihindi Rustom Bharucha aliandika kwa ukali kwamba Brook aliing'oa hadithi hiyo kutoka katika imani na maisha ya watu wanaoiishi, akaifanya ya kila mtu ili iwe rahisi kwake. Hata zulia la In Salah, Maalim, mimi huwa najiuliza waliokaa kulizunguka walibakiwa na nini gari zilipoondoka.

Sisemi tusijifunze kwake. Nasema kwamba ufundi wake na kosa lake vimetoka mahali pamoja. Anayevua kila kitu jukwaani ili libaki lile la binadamu wote, kuna siku atavua na kile ambacho watu wanakiheshimu.

#5 Mwanzisha uzi

Marahaba mwanangu. Umeandika vyema, na kuhusu Waik sina la kumtetea. Mwongozaji anabeba dhamana ya habari anayoipandisha jukwaani, na kusema "nilikisoma kitabuni" hakumwondolei dhamana hiyo.

Juu ya mengine ningeomba tutazame alivyokwenda mbele. Katika Mahabharata alikuwamo Sotigui Kouyaté, mtu wa Burkina Faso aliyezaliwa katika ukoo wa malenga wa jadi wa Afrika Magharibi, akicheza Bhishma. Baada ya hapo hakuondoka. Mwaka 1990 alicheza Prospero katika The Tempest, jukwaa likiwa limetandazwa mchanga, na mwaka 2004 alikuwa kiini cha mchezo kuhusu Tierno Bokar, shekhe wa tarika ya Tijaniyya wa Mali, uliotokana na maandishi ya Amadou Hampâté Bâ. Mtu wa namna hiyo anapokaa miaka karibu 20 katika kundi, habadilishi mchezo mmoja, bali hubadilisha sikio la mwongozaji. Naona dalili yake katika aina ya tamthilia za Afrika alizozichukua baadaye, ambazo zilikuwa zimeandikwa au kubuniwa na Waafrika wenyewe: Woza Albert! ya Afrika Kusini, Sizwe Banzi, na hadithi ya Can Themba kuhusu suti.

Hiyo ya suti ningependa kila mwongozaji wa Zanzibar aijue, maana inafaa kwetu kuliko tunavyodhani. Mtu wa Sophiatown, mtaa wa Johannesburg, anamkuta mkewe na mwanamume mwengine, mwanamume anakimbia na kuiacha suti yake. Mume hapigi wala hapayuki. Anamwamuru mke aichukue suti ile kuwa mgeni wa heshima, aikalishe mezani, ailishe, atoke nayo matembezini, na adhabu hiyo inaendelea hadi mwanamke anakufa. Brook aliionesha kwa Kifaransa mwaka 1999 na kwa Kiingereza mwaka 2012, kwa viti na fremu chache za kutundikia nguo. Fikirini mchezo huo katika nyumba ya Kizanzibari, ambako mgeni ni mtu wa kutukuzwa, ambako sahani yake ndiyo inayopakuliwa kwanza. Mwanamke anamimina maji ya kunawa kwenye mkono mtupu wa koti. Kwa kitendo hicho kimoja, hadhira yetu ingeyajua yote yaliyomo ndani ya nyumba ile.

Na kuhusu waliobaki In Salah gari zilipoondoka, mwanangu, nalichukua swali lako kama lilivyo. Sisi tukicheza Jambiani, tunabaki Jambiani, na anayeona tumekosea anatugongea mlango asubuhi. Hiyo ni faida ambayo Brook hakuwa nayo.

#6 Mchangiaji, mkaazi wa Ng'ambo

Mimi ni mtu mzima kuliko nyote, na nimefurahi kuona vijana wanajadiliana kwa adabu. Enzi zetu za skuli, miaka ya 1970, vitabu vya tamthilia vilikuwa vinasomwa kwa sauti darasani kabla ya kuchezwa: Juliasi Kaizari ya Mwalimu, Makbeth na Mfalme Edipode zilizotafsiriwa na Mushi, na Mfalme Juha wa Farouk Topan, ambaye ni mtoto wa hapa hapa Unguja. Tuliyajua maneno kwa masikio kabla ya kuyajua kwa miguu. Mwaka 2012 niliposikia kwamba jumba la Globe mjini London limekaribisha Shakespeare kwa lugha 37, na Kiswahili kimo, nilijiona kijana upya.

Swali langu kwako Maalim ni la utendaji. Ukiwa na vijana wapya ambao hawajapata kusimama mbele ya watu, uwaanzishe na ya kale au ya kisasa?

#7 Mwanzisha uzi

Ami, nashukuru kwa kutukumbusha usomaji wa sauti, kwani ndio mlango ambao tumeufunga bila ya kujua.

Mazoea yangu ya zamani yalikuwa kuanza na ya kisasa, kwa kudhani ni rahisi zaidi kwa sababu lugha yake iko karibu. Siku hizi nafanya kinyume chake. Katika mchezo wa kale maneno yanambeba mwigizaji mgeni. Hata akiwa na hofu, akilitamka shairi lote kwa pumzi sahihi, litamfikisha. Katika mchezo kama Amezidi maneno ni machache na nafasi baina yake ni pana, na kijana asiyekuwa na mazoea huijaza nafasi ile kwa kuchekesha. Kwa hivyo wiki mbili za mwanzo tutakaa duara, tutasoma Mabepari kwa sauti, kama mlivyofanya nyinyi, bila ya mtu kusimama. Wiki ya tatu tutaingiza Amezidi, na kuanzia hapo michezo miwili itapokezana siku.

Nimezungumza na ndugu wa Wete nje ya uzi huu, na tumekubaliana kwamba atatuletea vijana wawili wanaojua kibati, wakae nasi siku tatu. Nataka ule ugomvi wa mahakamani uchezwe kwanza kwa kujibizana papo kwa papo, mdai upande mmoja na mtetezi upande wa pili, ngoma ikiwakimbiza, kabla ya kurudi kwenye maneno ya kitabu. Brook mwenyewe alipoirudia Hamlet mwaka 2000, akiwa na umri wa miaka 75, alibaki na waigizaji wanane, Adrian Lester akiwa mwana wa mfalme, juu ya zulia. Sisi tutakuwa 12 juu ya mkeka.

Tunaanza Jumanne ya kwanza baada ya Sikukuu Ndogo, alasiri, uani kwetu. Mwenzetu wa Jambiani, ukipata nafasi njoo ukae upande wa watazamaji na daftari lako, na ukiona tumekivua kitu ambacho hakikufaa kuvuliwa, tusimamishe pale pale.